"Mutoto iko wapi ndani ya hadisi?" Kazi ya Adam Bahdaj, mwandishi wa filme za watoto wa Polandi



Wengi mnanijua kama mutu wa mihogo. Lisansi yangu ni ya agronomia, TFE yangu ilikuwa juu ya mozaiki ya mihogo, na tangu nimalize masomo, kazi ninazopata ni zile za miezi mitatu mitatu. Mukishangaa leo naandika juu ya filme za watoto za Polandi, muko na haki. Munipe nafasi kidogo nieleze vile nilifika huko.

Mwaka juzi mradi mmoja wa kilimo uliniomba niandike mchezo wa redio wa dakika kumi kwa watoto wa shule ya msingi. Kusudi lilikuwa moja: watoto wajue kwamba mti wa muhogo wenye majani yaliyojikunja haufai kukatwa na kupandwa tena. Niliandika siku nne. Niliweka muzee mwenye hekima, nikaweka agronomu, nikaweka mama mkulima, na kila mmoja alisema maneno ya kweli. Kabla ya kurekodi tukawasomea watoto wa darasa la tano. Kufika dakika ya tatu, nusu yao walikuwa wanachorana mikononi na kalamu. Walicheka mara moja tu, pale mbuzi alipolia. Mwisho nikauliza kama kuna swali. Msichana mmoja wa benchi ya nyuma akainua kidole: "Na mutoto, iko wapi ndani ya hadisi?"

Sikuwa na jibu. Ndani ya kurasa kumi na moja hapakuwa na mtoto hata mmoja.

Wakubwa wa mradi walipenda mchezo vile vile. Walinilipa, ukapita redioni, ripoti ikaandikwa. Lakini swali la yule mtoto lilibaki na mimi kama mchanga ndani ya kiatu. Njo nikaanza kutafuta: kuko watu wanaofanya kazi hii maisha yao yote? Wanaifanya namna gani? Katika kusoma nikafika Polandi, nchi ambayo kati ya miaka ya 1960 na 1980 ilichukua filme ya watoto kuwa kazi kamili: studio za katuni za mjini Bielsko-Biała, studio za vikaragosi za Łódź, kipindi cha watoto kila jioni kabla ya kulala. Na huko nikakutana na jina la Adam Bahdaj.

1. Mutu wa milima

Adam Bahdaj alizaliwa tarehe 2 Januari 1918 huko Zakopane, mji mdogo chini ya milima ya Tatra. Siku ile, nchi inayoitwa Polandi haikuwa kwenye ramani. Ilikuwa imegawanywa na mataifa matatu makubwa kwa zaidi ya miaka mia moja, na Zakopane ilikuwa upande wa Austria. Uhuru ulirudi mwezi wa Novemba mwaka huohuo. Tunaweza kusema mtoto huyu aliitangulia nchi yake kwa miezi kumi.

Alipofika umri wa miaka 21, Ujerumani ilishambulia Polandi, tarehe 1 Septemba 1939, na siku kumi na sita baadaye Umoja wa Kisovieti ukaingia upande wa mashariki. Nchi ikafungwa pande zote. Lakini vijana wa Zakopane walijua njia za milima tangu utoto, na wengine wao wakawa wapelekaji wa siri: usiku, ndani ya theluji, walivusha watu, barua na pesa kupitia Slovakia mpaka Hungaria. Bahdaj alikuwa mmoja wao. Kisha akabaki Hungaria, akajifunza lugha ya huko vizuri kiasi kwamba baada ya vita alikuwa mtafsiri wa vitabu vya Kihungaria. Alitafsiri pia kutoka Kihispania.

Mukumbuke jambo hili la milima, tutalirudilia. Kwa sasa ninataka muone kitu kimoja: huyu mutu hakuanza kama mwandishi wa watoto. Aliandika mashairi. Alitafsiri. Aliandika hadisi za polisi na wauaji kwa watu wazima, na hizo alizitia jina lingine, Dominik Damian. Mbele ya kuwaandikia watoto alikuwa amekwisha kupita kazi nyingi za kalamu, na kila moja ilimwachia kitu mkononi. Kutafsiri kunamfundisha mutu kupima neno. Hadisi ya polisi inamfundisha kuficha jibu mpaka ukurasa wa mwisho. Sisi tunaolalamika kwamba tunafanya staji moja hapa, kazi ndogo nyingine pale, pengine tusilie haraka.

2. Buku la mpira

Mwaka 1957 akatoa kitabu kinachoitwa Do przerwy 0:1, maana yake "Kufika mapumziko, 0 kwa 1". Ni hadisi ya watoto wa Wola, mtaa wa wafanyakazi ndani ya Warszawa. Vita viliacha mji ule vifusi, na miaka kumi na miwili baadaye watoto walikuwa bado wanacheza mpira kwenye viwanja vitupu kati ya kuta zilizovunjika. Wanaunda timu yao. Hawana viatu vya maana, mpira wenyewe ni shida kuupata, na kuna timu nyingine ya watoto wakali inayowasubiri.

Mtoto mkubwa wa hadisi anaitwa Paragon. Si jina la ubatizo, ni la mtaani. Kwa Kipolandi neno hilo linamaanisha kile kikaratasi unachopewa dukani ukilipa. Fikiria mtoto anayeitwa "Risiti". Pale pale unajua huyu ni mtoto wa mtaa, mwenzake alimpachika jina siku moja na likashika. Mwandishi hajaeleza kitu bado na wewe umekwisha kumpenda.

Wakati ule pia ulisaidia. Stalin alikufa mwaka 1953, na mwaka 1956 Polandi ililegeza kidogo kamba. Kabla ya hapo, vitabu vingi vya vijana vilipaswa kuonyesha mtoto mfano: anapenda kazi, anapenda chama, anamsahihisha mwenzake. Yule mtoto mfano, mimi ninamjua. Ni ndugu wa yule muzee mwenye hekima wa mchezo wangu wa redio. Bahdaj aliweka mahali pake watoto wanaogombana, wanaodanganya mama zao, wanaoogopa, halafu wanarudi uwanjani.

3. Kutoka kitabu mpaka televizio

Baada ya kitabu hicho, Bahdaj aliandika vingine kwa mfululizo, na hapa njo kazi yake ya senario inaanza kueleweka. Hakwenda kwenye televizio na mikono mitupu. Alikwenda na rafu nzima ya vitabu ambavyo watoto walikuwa wamekwisha kuvisoma na kuvipenda. Mutu wa televizio alipotafuta hadisi, hadisi ilikuwa tayari.

Na alimpata mwenzake. Stanisław Jędryka, mwongozaji wa filme aliyezaliwa Sosnowiec mwaka 1933 na kusoma kwenye shule ya filme ya Łódź, alichukua vitabu vya Bahdaj kimoja baada ya kingine. Ndani ya miaka kama mitano hivi, mwandishi huyo na mwongozaji huyo wakafanya pamoja:

– Do przerwy 0:1, ile ya mpira, mwishoni mwa miaka ya 1960;
– Wakacje z duchami ("Likizo na mizimu"), 1970, ambamo Paragon anarudi, na wenzake wanaunda kikundi cha upelelezi na kuchunguza ngome ya zamani ambako watu wanasema kuna mzimu;
– Podróż za jeden uśmiech ("Safari kwa tabasamu moja"), 1971;
– Stawiam na Tolka Banana ("Ninaweka dau kwa Tolek Banan"), 1973.

Filme hizi ni za mfululizo, sehemu chache tu kila moja. Tatu za mwisho zina sehemu saba saba. Na waliofanya bajeti walikuwa na akili. Mpira na safari, kila moja ilitolewa mara mbili: kama mfululizo wa televizio, na kama filme moja ya kuonyesha kwenye sinema. Ile ya mpira ilipoingia sinema iliitwa Paragon, gola!, ile ya safari iliingia mwaka 1972. Watoto ni wale wale, kamera ni ile ile, gari la kubeba vifaa ni lile lile, lakini kazi inauzwa mara mbili. Agronomu anaelewa haraka: shamba moja, mavuno mawili, sombe na muhogo wenyewe.

Hapa lazima niseme ukweli ili nisiwadanganye. Karama ya Bahdaj peke yake isingetosha. Nyuma yake kulikuwa na mashine. Televizio ilikuwa ya serikali. Mpaka mwaka 1970 ilikuwa na programu moja tu, ya pili ilianza mwezi wa Oktoba mwaka ule. Basi kitu kilichopita jioni, karibu kila mtoto mwenye televizio nyumbani au kwa jirani alikiona, na kesho yake shule nzima ilikuwa inakizungumza. Serikali ililipa, na kwa kuwa ililipa, ilitazama pia. Kila senario ilipitia kwa watu wa udhibiti kabla ya kuonyeshwa. Mwandishi wa Polandi ya wakati ule alikuwa na mnunuzi wa hakika na mlinzi wa mlango kwa mara moja. Tunaposoma maisha ya watu waliofaulu, tuulize kila siku: mashine ilikuwa wapi, na nani alilipa mafuta yake?

4. Namna alivyojenga hadisi

Sasa tufike kwenye ile iliyonifundisha zaidi. Nitachukua Podróż za jeden uśmiech, ju njo inaonyesha wazi.

Kuna watoto wawili wa ndugu, Poldek na Duduś. Wanapaswa kusafiri peke yao kwa treni mpaka baharini, kaskazini mwa nchi, ambako familia inawangoja kwa likizo. Poldek ni mtundu, anajua kila kitu, haogopi mutu. Duduś amelelewa kwa uangalifu, ana nidhamu, anataka mambo yaende vile wakubwa walivyosema. Kabla ya treni, tiketi na pesa zinapotea. Kurudi nyumbani ni aibu. Wanaamua kwenda kwa lifti, gari baada ya gari, nchi nzima.

Ni hayo tu. Lakini tazama vile imefungwa.

Kwanza, wakubwa wanaondolewa mlangoni. Hawauawi, hawafanywi wabaya, wako mbali tu na hawajui. Kuanzia dakika ile, kila uamuzi ni wa mtoto. Tulale wapi? Tule nini? Huyu dereva ni mutu mwema? Mtoto anayetazama anajiuliza maswali yale yale, na hachezei tena kalamu. Ndani ya mchezo wangu, wakubwa walikuwa wameketi katikati ya meza na walijibu kila kitu kabla mtoto hajauliza.

Pili, watoto ni wawili na hawakubaliani. Ukiweka mtoto mmoja peke yake, utalazimika kuweka sauti inayoeleza anachofikiri. Ukiweka wawili wanaopingana, mawazo yanatoka yenyewe kama mazungumzo. Poldek anasema twende, Duduś anasema haturuhusiwi. Mtazamaji anacheka, na ndani ya kicheko amesikia hoja zote mbili. Na siku moja Duduś njo anaokoa safari, na Poldek anaona aibu. Hakuna aliyeleta somo, lakini somo limefika.

Tatu, njia yenyewe inakata hadisi vipande. Filme ya mfululizo inataka kila sehemu iwe na mwanzo na mwisho wake, na tena imwache mtoto na njaa ya kesho. Barabara inafanya kazi hiyo bure. Kila gari ni dereva mpya, kila dereva ni dunia mpya, na bahari bado iko mbali. Mwandishi hahitaji kubuni sababu ya kuendelea.

Nne, hadisi ilikuwa na mizizi ndani ya maisha ya nchi. Tangu mwisho wa miaka ya 1950, Polandi ilikuwa na utaratibu rasmi wa lifti. Kijana alinunua kijitabu chenye vikuponi, dereva aliyembeba alipewa vikuponi kwa kipimo cha kilometa, na madereva wenye vikuponi waliingia kwenye bahati nasibu ya kushinda zawadi. Vijana wengi sana walizunguka nchi namna hiyo wakati wa likizo. Kwa hiyo mtoto wa mwaka 1971 aliyewaona Poldek na Duduś kando ya barabara hakuona ndoto. Aliona kitu ambacho kaka yake mkubwa alikuwa amefanya kweli, na ambacho yeye alikuwa anakingojea.

Katika Stawiam na Tolka Banana alijaribu kitu kigumu zaidi. Kuna kikundi cha watoto wa mtaani ndani ya Warszawa, wanaofanya ujinga mdogo mdogo, na shujaa wao ni Tolek Banan, kijana aliyetoroka nyumba ya kurekebisha tabia. Hawajawahi kumwona. Anatokea kijana mwingine, Szymek, anajifanya ndiye Tolek, na kwa jina lile la muhuni anaanza kuwaongoza kwenye matendo mema. Watoto wanamfuata ju wanafikiri ni mkora mkubwa. Mwisho ukweli unajulikana.

Je, uongo wa Szymek ni mwema? Je, mtoto aliyefanya wema kwa kumfuata muhuni wa uongo, amefanya wema? Ni swali ambalo mwalimu wa falsafa angelipatia saa sita za kozi. Bahdaj aliliweka mbele ya watoto wa miaka kumi na akawaamini. Kumbuka tena kwamba hii ilikuwa televizio ya serikali iliyosema mambo yote yanakwenda vizuri, na hapa kulikuwa na watoto ambao wazazi hawana nafasi nao, na nyumba za kurekebisha tabia ambazo watu wanatoroka. Mambo hayo yalipita redioni na magazetini kwa lugha ya ripoti. Yeye aliyapitisha kwa lugha ya mchezo.

5. Watoto wawili, njia mbili

Kuna upande mwingine wa kazi hii, na sitaki kuuficha. Filme za watoto zinahitaji watoto wa kweli mbele ya kamera, na watoto hao wanakua.

Poldek alichezwa na Henryk Gołębiewski, mtoto wa Warszawa mwenye uso usiosahaulika. Duduś alichezwa na Filip Łobodziński. Wote wawili walionekana tena ndani ya Tolek Banan. Mnamo mwaka 1973 hakuna mtoto wa Polandi ambaye hakuzijua sura zao.

Łobodziński aliendelea na masomo, akasoma lugha za Hispania chuoni Warszawa, akawa mwandishi wa habari, mtafsiri na mwimbaji. Gołębiewski aliingia kwenye kazi za mikono, kazi za ujenzi, na kwa miaka mingi sinema ilimsahau. Mwaka 2002 mwongozaji Piotr Trzaskalski alimtafuta kwa filme inayoitwa Edi, na akampa nafasi kubwa: mutu anayeokota vyuma vya kuuza. Watu wazima waliokaa ndani ya sinema walimtambua. Ndiye yule Poldek wa utoto wao, na makunyanzi usoni.

Ninayaweka haya mawili kando kando bila kuhukumu. Kazi za mikono si aibu, na sisi wenye shahada tunaosukuma siku tunajua hilo. Lakini umaarufu wa utoto ulikuwa ule ule kwa wote wawili, na haukumwendeleza hata mmoja wao. Kilichowapeleka mbele kilikuwa vitu vingine: nyumba aliyotoka mtoto, shule, bahati. Yeyote kati yetu atakayefanya filme au mchezo na watoto, aulize kabla ya kurekodi: kesho yake, tukiisha kufunga vifaa, huyu mtoto anarudi wapi?

6. Nani anatoa alama?

Kwa mchezo wangu, alama zilitolewa na wakubwa wa mradi. Polandi walipata njia ya kuwapa watoto kalamu nyekundu, na asili yake iko kwenye televizio ya watoto pia.

Mwaka 1962 televizio ilianza kipindi cha kabla ya kulala cha vikaragosi viwili vya vidoleni, Jacek na Agatka. Aliyeandika senario zake ni Wanda Chotomska, mshairi wa watoto wa Warszawa. Alikuwa anapenda kusimulia juu ya mtoto mmoja mgonjwa aliyesema kwamba angekuwa na uwezo, angewapa wanaofanya vipindi vile nishani, lakini nishani yenye tabasamu. Gazeti la Kurier Polski likachukua wazo hilo mwaka 1968 na kuomba watoto wachore nishani yenyewe. Michoro zaidi ya 40 000 ilifika. Ulishinda mchoro wa msichana wa miaka tisa: jua linalotabasamu.

Tangu wakati ule, Nishani ya Tabasamu inatolewa kwa mutu mzima ambaye watoto wenyewe wamemwombea. Anayepewa hupigwa begani na ua la waridi, kisha lazima anywe bilauri ya maji ya limau mbele ya watoto, bila sukari, na akimaliza atabasamu. Papa Yohane Paulo wa Pili aliipata. Chotomska aliipata. Adam Bahdaj pia aliipata.

Mutu atasema ni mchezo tu. Mimi naona ni sharti la kazi lililoandikwa vizuri. Wakubwa njo wanalipa, wakubwa njo wanasaini, lakini mteja wa mwandishi huyu ana miaka tisa na yuko na haki ya kusema ilikuwa tamu au ilikuwa limau.

7. Mwisho wa njia

Niliwaambia mukumbuke milima. Mwaka 1975 televizio ya Polandi ilionyesha Trzecia granica, "Mpaka wa tatu", filme ya mfululizo iliyotokana na maandiko ya Bahdaj juu ya wapelekaji wa siri wa Tatra. Alikuwa na miaka 57. Yale aliyoyapitia akiwa na miaka 21, theluji, usiku, mpaka na askari, aliyabeba zaidi ya miaka thelathini kabla hayajafika kwenye kioo. Wakati huo wote hakukaa kuyangoja. Aliandika mpira, mizimu, lifti.

Alikufa Warszawa mwezi wa Mei 1985. Baada ya kifo chake studio ya Se-ma-for ya Łódź ilichukua kitabu chake kimoja cha watoto wadogo, juu ya ndege wa barafu anayeitwa Pik-Pok, ikakifanya filme ya vikaragosi. Kwa hiyo kuna watoto waliomjua Bahdaj kupitia kioo ingawa yeye hakuwa tena duniani kuandika senario. Rafu ya vitabu iliendelea kumfanyia kazi.

Nikirudi kwangu. Sina studio ya Łódź, sina televizio ya serikali inayoningoja, na mradi ule ulikwisha zamani. Sitawaambia kwamba mukipenda kitu kwa moyo wote basi pesa zitafuata. Bahdaj alikuwa na mnunuzi, sisi bado hatuna. Lakini kuna sehemu ya kazi yake ambayo haikulipiwa na serikali yoyote: kukaa na kuandika akiba ya hadisi kabla mutu hajaziomba, kutafuta mwenzako mmoja wa kufanya naye tena na tena, na kumwacha mtoto awe mwenye hadisi.

Mwezi uliopita nilichukua ile kaye ya zamani. Nimemfuta muzee mwenye hekima. Nimemfuta agronomu, ingawa iliniuma kidogo, ju alikuwa mimi. Sasa kuna kaka na dada waliotumwa na mama yao kuleta mzigo wa miti ya muhogo kutoka kwa shangazi, vilima viwili mbali. Njiani mzigo unaanguka mtoni. Wana giza, wana aibu, na kando ya barabara kuna shamba la mutu, lenye miti mizuri na miti yenye majani yaliyojikunja. Kaka anasema tuchukue yoyote, nani atajua. Dada anasema ngoja, tazama majani kwanza.

Nimeandika kurasa tano. Mwisho bado sijaujua, ju sijaamua kama wataiba. Jumamosi ninarudi kwenye darasa lile, na nitamtafuta yule msichana wa benchi ya nyuma. Atakuwa amefika darasa la saba sasa. Nitasoma mpaka pale nilipofika, halafu nitanyamaza nisikie wao wanasema nini.

Kama kuna mwenzetu anayeandika, anayejua kurekodi sauti, au ambaye alisomea ualimu na anaweza kukaa na watoto, tuzungumze. Ninatafuta Jędryka wangu.